Mchi Uliosikika Siku ya Wanawake

Kwetu Kasha, mtaa wa Bukavu, nyumba zimebanana kwenye mteremko, na hakuna anayetwanga sombe kwa siri. Majani ya muhogo yakishaingia kwenye kinu na mchi ukaanza kugonga, mtaa mzima unajua: mama fulani amerudi, mama fulani ana wageni, mama fulani amekosana na mume wake na majani ndiyo yanayopigwa badala yake. Kila mmoja ana mapigo yake. Yuko anayepiga haraka haraka kama anafukuza nyoka, yuko anayepiga kidogo akasimama ili asikose maneno ya jirani.

Mapigo ya nyumba yetu yalisifiwa. Yalikuwa ya taratibu, sawasawa, bila kukatika. "Angalieni mama huyu," majirani walisema. "Anauza visamaki vya sambaza sokoni tangu asubuhi, anarudi miguu imevimba, na bado anatwanga hivi!" Mama yangu alijibu kwa unyenyekevu, "Tunajikaza tu, wapenzi." Kisha aliingia ndani, akafunga mlango, akacheka huku amejiziba mdomo kwa kanga.

Aliyekuwa anatwanga ni mimi.

Sisi tumezaliwa wavulana watupu, na mimi ndiye wa kwanza. Baba alikufa mapema. Nilimaliza darasa la sita, nikaingia kwa seremala kupiga randa, kazi ambayo huisha mchana. Mama aliporudi sokoni alilala kwenye mkeka na miguu yake akaiweka juu ya kigoda, nami nilifunga mlango nikashika mchi. Majirani walijua mama yuko ndani, walisikia kinu, wakajumlisha. Wadogo zangu walinyamazishwa kwa ukoko wa bugali.

Mtu wa mbali anaweza kuuliza siri ilikuwa ya nini. Kwetu mwanaume anaweza kuchoma nyama mbele za watu na akapigiwa makofi. Anaweza kuchemsha chai ikiwa mke wake yuko hospitali. Lakini kinu ni habari nyingine. Kijana akionekana kwenye kinu, watu humuuliza atanyonyesha lini.

Na mimi nilikuwa na msichana moyoni. Alikaa nyumba chache chini yetu kwa shangazi yake, akijifunza kushona. Nilikuwa nimeongea naye mara chache sana, na zaidi kuhusu mvua. Yeye ndiye aliyeongea. Mimi nilikubali kwamba ilinyesha. Mama alipoona hali hiyo alikwenda mwenyewe kumgusia shangazi. Shangazi huyo ndiye kiongozi wa wanawake wa mtaa wetu, na sauti yake inasikika mpaka ng'ambo ya bonde. Alisema, "Nitaangalia kwanza nyumba, na kijana ni kijana wa namna gani." Tangu siku hiyo nilitwanga nikiwa nimeweka gunia chini ya kinu ili kelele ipungue. Kama angejua, nilifikiri, mambo yangeishia hapo.

Mtu mmoja tu alinigundua, naye hakuwa mtu wa hapa.

Jirani yetu wa juu ni mwanamke wa Urusi. Marehemu mume wake, mtu wa kijiji cha Miti, nje ya mji, alikwenda kusomea udaktari wa mifugo huko, wakati nchi ile ilikuwa bado ya Kisovieti. Alirudi na diploma, koti zito na mke. "Koti liliuzwa," Mama Mrusi hupenda kusema, "mke akabaki." Amefundisha hesabu watoto wa mtaa huu, na watoto wa watoto hao. Kiswahili chake ni hiki hiki chetu. Kitu kimoja tu hajajifunza: kungoja jibu la hodi. Anasema hodi akiwa tayari ameketi.

Ndivyo alivyoingia alasiri moja na chupa ya kabichi ya chumvi. Mama alikuwa amelala chali, miguu juu. Mimi nilikuwa nimeinua mchi. Nilibaki nimeuinua hivyo hivyo.

"Shusha, utachoka," alisema. Akavuta kigoda. "Kumbe iko weye. Na mimi miaka yote nasema mama yako iko na mikono ya chuma."

"Mama, tafadhali," nilisema.

"Sitasema kwa mutu. Weye twanga tu."

Alitimiza ahadi. Lakini tangu siku hiyo alikuja kila tulipopika sombe, kwa sababu alikuwa amegundua jambo zuri: mtu anayetwanga hawezi kukimbia hadithi. Na hadithi zake zote zilihusu wanawake wa kwao.

Alianza na bibi yake, aliyeolewa kijijini kwenye theluji na kuingia nyumba ya mama mkwe. Wote walilala chumba kimoja, wazee wakalala juu ya jiko.

"Juu ya jiko?" mama aliuliza, macho amefumba.

"Jiko la kwetu lilikuwa la matofali, kubwa kama kitanda cha askofu. Wazee walipata joto juu. Na nani aliamka kuliwasha? Bibi arusi. Kulikuwa na methali: kuku si ndege, na mwanamke si mtu."

"Kuku wenu hawakuwa na mabawa?"

"Walikuwa nayo. Walikatwa wasiruke, halafu wakaambiwa si ndege."

Mama alifumbua jicho moja, akanitazama kana kwamba ni mimi niliyekata.

Baadaye, alisema, mfalme aliondolewa, na wakubwa wapya wakaandika kwenye sheria kwamba mwanamke na mwanaume ni sawa. Wasichana walitoka mjini na vitambaa vyekundu kichwani kuja kufundisha wanawake kusoma. Bibi yake alijifunza herufi akiwa na mtoto magotini. Neno la kwanza aliloandika lilikuwa jina lake. La pili lilikuwa jina la ng'ombe.

"Na bwana?" mama aliuliza.

"Bwana alipata zamu yake karatasi ilipobaki." Akageuka kwangu. "Usisimame, majani yanakauka. Basi waliahidi pia: tutajenga nyumba za kulea watoto, tutajenga nyumba za kulia chakula, na sufuria ya nyumbani itakufa. Nyumba za watoto walijenga, nyingi, sisemi uongo. Lakini sufuria haikufa. Mimi niliikuta. Ilikuja kwenye arusi yangu."

Siku nyingine alituletea vita. Wanaume walikwenda, na wanawake wakapanda trekta. Wengine wakarusha ndege za vita usiku, wengine wakapiga bunduki. Wanaume waliorudi walikuwa wachache. Mama yake alikulia katika kijiji ambacho chifu wa shamba alikuwa mwanamke, mhunzi alikuwa mwanamke, na hata farasi walikuwa wamechukuliwa jeshini. "Dume aliyebaki," alisema, "alikuwa jogoo. Naye alijiona sana."

Mama yake alipokua aliendesha mtambo mkubwa wa kuinua mizigo kiwandani. Mfukoni aliweka mfuko wa nyuzi, uliokunjwa, endapo bahati ingemkutanisha na kitu cha kununua. Akiona watu wamepanga mstari mbele ya duka, alijipanga kwanza, halafu ndipo akauliza kinachouzwa. Alifika nyumbani, akapika, akafua. Mume wake alisoma gazeti.

"Baba alikuwa mutu muzuri," alisema. "Hakumupiga mama hata siku moja. Na kikombe hakuosha hata siku moja. Ila tarehe nane ya mwezi wa tatu! Siku ya wanawake, baba aliamka mapema, akanunua maua ya njano, akakaanga mayai. Yaliungua. Mama aliyala yote akisema ni matamu. Halafu aliosha kikaango."

Mama alicheka sana, kisha akajifuta macho. "Hapa kwetu," alisema, "hata hiyo sheria ya usawa hatukuisikia vizuri. Tulibebeshwa tu gunia la makaa mgongoni."

"Sisi walitupa trekta bila kutuondolea sufuria," Mama Mrusi alisema. "Nyinyi walisahau hata kuwasomea hotuba."

Hadithi iliyonisumbua ilikuwa ya mume wake mwenyewe. Huko masomoni, katika nyumba ya wanafunzi, yeye ndiye aliyekuwa akipika. Alisonga bugali kwa unga wa ngano uliotafutwa kwa shida, akawalisha wasichana wa ghorofa nzima. "Nilimupenda kwa sababu ya mwiko," alisema. Walipofika Bukavu alitundika mwiko ukutani, na hakuugusa tena mpaka alipokufa.

"Kwa nini?" niliuliza. Mara nyingi sikuuliza kitu.

"Huko mama yake hakumuona. Hapa alimuona."

Nilitwanga kwa nguvu kidogo baada ya hapo, nikasahau gunia.

Basi mwaka ule, miaka michache iliyopita, siku ya wanawake ilikaribia. Kwetu siku hiyo ni kubwa. Wanawake wanashona kitambaa cha namna moja, wanaandamana mjini, defile tunaiita, na ole wake atakayekosekana kwenye mstari. Wakirudi wanakula pamoja. Mama aliomba chakula kiliwe kwetu, ili shangazi aione nyumba bila kusema kwamba amekuja kuiona. Aliahidi sombe ya kutwanga kwa mkono, kwa sababu shangazi hataki ya mashine. Anasema ina harufu ya mafuta ya motokari. Ilikuwa nitwange jana yake mama akiwa ndani, kama kawaida. Lakini majani yaliagizwa Mumosho, na gari liliharibika njiani. Yalifika asubuhi ya sikukuu yenyewe, mama akiwa amevaa tayari.

"Twanga nikishakwenda," aliniambia, akifunga kitambaa kichwani. "Wanaume wote wataenda kutazama maandamano. Hakuna atakayesikia."

Mama hakujua kwamba Mama Mrusi alikuwa ameharibu wanaume wetu.

Jioni moja, kwenye baraza yake, dereva mmoja mstaafu ambaye mtaa wote unamwita Papa Dereva alikuwa amemtania: "Mama, banaume ba kwenu bako wapole sana, banawake banarusha ndege!" Naye alimjibu kwamba wapole au wakali, tarehe nane kwao mwanaume anaingia jikoni, na anayeshindwa si mwanaume. Neno hilo lilimchoma Papa Dereva. Alikwenda nyumba kwa nyumba. Asubuhi ile, mara tu wanawake walipopotea kwenye kona, niliona kwa tundu la dirisha wanaume wakiingia uani kwetu, mahali karamu itakapokuwa, wamebeba mambabula ya kuwashia makaa, mchele, na maboga ambayo hakuna aliyejua watayafanya nini.

Niliketi karibu na kinu. Sombe inapikwa nusu ya siku. Nisipotwanga sasa, shangazi angekuja na kuwekewa sahani tupu, na mama angeaibika mbele ya mtaa. Nikitwanga, wangejua. Nilifikiria mashine ya kusagia iliyo karibu na barabara. Mwenye mashine ni mwanamke, naye alikuwa kwenye maandamano.

Nje walikuwa wanapuliza makaa. "Pulizeni pamoja!" Papa Dereva aliamuru, kama watu wanaosukuma gari.

Nilishika mchi. Nikapiga polepole kabisa. Lakini sombe si kitu cha kubembeleza. Majani yaliniangalia tu. Nikapiga kama kawaida.

Uani waliacha kupuliza.

"Munasikia?" sauti moja ilisema. "Mama anatwanga."

"Mama gani? Amekwenda defile. Nimemuona mwenyewe."

"Basi nani?"

"Mwizi?"

"Mwizi gani anaingia kwa watu kutwanga sombe?"

"Njaa, muzee, njaa inafanya mengi."

Kukawa na kunong'ona, kisha mlango ukasukumwa. Papa Dereva alisimama pale na mwiko mkononi, wengine nyuma yake wakinyoosha shingo. Nilikuwa nimetapakaa majani mpaka kwenye kidevu.

Alinitazama. Alitazama kinu. Aliangalia ukutani, kana kwamba mama anaweza kuwa amejificha nyuma ya kalenda.

"Mutoto," alisema, "na mapigo yale ya siku zote?"

Nilishusha mchi, nikajifuta kidevu.

"Yote?"

"Yote, papa."

Ndipo walipocheka. Walicheka mpaka mmoja akaketi kizingitini. Waliniuliza kama nina kanga ya kuwaazima, kama nimejiandikisha kwenye defile, kama nanyonyesha kulia au kushoto. Nilitwanga. Sikuwa na kitu kingine cha kufanya na mikono.

Kicheko kilipungua chenyewe. Waliondoka mmoja mmoja. Baada ya muda Papa Dereva alirudi peke yake, akafunga mlango taratibu, akainama karibu na sikio langu.

"Muchele," alinong'ona. "Maji inafika wapi?"

Nilimwonyesha kwa kidole. Akatoka. Hakupita muda akaja mwingine, wa maboga. Kisha mwingine aliyetaka kujua chumvi huwekwa kabla au baada. Kila mmoja alifunga mlango nyuma yake, na kila mmoja aliniomba nisiwaambie wenzake.

Wanawake walirudi na jua kali, viatu mkononi. Mama Mrusi alikuwa ameketi kwenye kiti cha mbele, amevaa kitambaa cha sikukuu, ameshika maua. Papa Dereva ndiye aliyempa. Alikuwa ameyachuma kwenye ua wa Mama Mrusi mwenyewe, naye aliyapokea kwa furaha kubwa bila kusema lolote.

Walikula. Mchele wa Papa Dereva ulikuwa umeungua chini na mbichi juu. Katikati palikuwa na sehemu ndogo nzuri, ambayo alijipakulia. Lakini sombe ilikuwa sombe. Shangazi alikula kimya, jambo ambalo wanawake wote waliliona. Mpwa wake, yule msichana, alikuwa karibu naye. Nilisimama nyuma ya mlango.

"Sombe hii," shangazi alisema hatimaye, "nani ametwanga? Mama alikuwa mbele yangu kwenye mstari."

Wanaume walitazama sahani zao. Papa Dereva alikohoa. "Sisi banaume," alisema. "Tumesaidiana."

"Eeh? Njo hapa." Alimtazama shati. Lilikuwa safi, lina majivu tu. Alimwita mwingine, na mwingine. Mwisho alisema, "Na kijana wa nyumba iko wapi?"

Nilitoka. Sikuwa nimepata nafasi ya kubadili shati. Nilikuwa na matone ya kijani kuanzia tumboni mpaka shingoni, na nadhani hata sikioni.

Shangazi alinigeuza kwa bega, kama anavyogeuza kitambaa dukani. Kisha akamtazama mama yangu. "Na ule muchi tunaosikia kila siku?"

Mama alijifuta mdomo. Nilidhani atasema uongo mzuri, maana anao mwingi. "Ni wake," alisema. "Tangu nilipoanza kuuza sambaza. Mimi nalala."

Nilimwangalia msichana, na nikaona uso wake unabadilika. Alisimama. Sijawahi kumwona mtu amekasirika hivyo.

"Shangazi!" alisema. "Unasikia? Kila siku, kila siku! 'Sikiliza yule mama, muzee na miguu yake, sikiliza anavyotwanga, na weye musichana muzima unapiga kinu kama mutu mwenye homa!' Nimetukanwa kwa sababu ya huyu! Nimelia kwa sababu ya huyu!"

Hapo ndipo ua ulipopasuka kwa kicheko. Mama Mrusi alicheka mpaka maua yakaanguka. Shangazi alijaribu kukunja uso, akashindwa, akafunika mdomo na kiganja. Mimi nilitaka ardhi ifunguke, na wakati huo huo sikutaka, kwa sababu msichana alikuwa amekuja kusimama mbele yangu, karibu kuliko siku zote za mvua.

"Nisamehe," nilisema.

"Sikusamehe. Kesho utakuja kwetu kutwanga. Nataka kupumzika, niweke miguu juu, na majirani wanisifu mimi."

"Ndiyo," nilisema.

"Na utapita mbele. Hapana nyuma ya nyumba."

Nilimtazama shangazi. Nilitaka kujua kama bado nina kitu cha kutumaini. Alikuwa anajipakulia sombe tena.

"Amekuambia," alisema. "Mimi sijasema hapana. Nimesema nitaangalia, na bado naangalia."

Kesho yake niliteremka na mchi wetu begani, kwa sababu wa kwao ni mwepesi. Ni njia fupi sana, na sijawahi kupita njia ndefu kama ile. Papa Dereva alikuwa kwenye baraza yake, kama mtu aliyenunua tikiti.

"Eh! Dada!" aliita. "Sikukuu iliisha jana!"

Watu wakageuka. Nilihamishia mchi bega la pili. Msichana alikuwa tayari amesimama mlangoni kwa shangazi yake, na beseni la majani kiunoni.

"Papa," alijibu kwa sauti ya shangazi yake kabisa, "muchele umekwisha kuiva?"

Papa Dereva aliingia ndani kutafuta kitu.

Kinu kilikuwa uani, mbele ya macho ya njia nzima. Nilimwaga majani, nikaanza. Yeye aliketi kwenye kigoda, akaweka miguu juu ya jiwe, akafumba macho kama mama yangu. Alivumilia kidogo tu. Kisha alisimama, akachukua mchi wao mwepesi, akasema napiga polepole mno, mtu anaweza kuzeeka kabla ya kula.

"Basi piga," nilisema.

Alipiga. Ni kweli, anapiga kama mtu mwenye homa. Michi yetu ilikuwa inagongana hewani, majani yakaruka, na shangazi alipiga kelele kutoka ndani kwamba anayemwaga ndiye atakayeokota.